Vitambaa Viwili kwa Mkalimani

Hapa Hague kalamu ya wino ni haramu.
Penseli tu, na mikono iliyonawa,
na koti langu nimeliacha mlangoni kama viatu vya msikitini.
Nje theluji inajaribu kuanguka, inaghairi.

Barua ni ya karani Wouter Krijnsz,
mwaka wa elfu moja mia sita na kitu;
tarakimu ya mwisho imeliwa na mende.
Anasema walitia nanga Makassar asubuhi,
wakapanda hadi kwa mfalme, wakampa kioo kikubwa,
na mfalme alistaajabu kama mtoto,
akaukubali mkataba kabla jua halijawa kali.

Nimekaa na hicho "kama mtoto" tangu Jumanne.

Shajara ya ikulu yetu ninayo kwenye daftari.
Niliinakili nyumbani kwa Daeng Ngalle,
herufi zimejikunja kama uduvi mkavu.
Siku ileile, maneno haya tu:
Mvua. Farasi wa Karaeng amezaa, mtoto ana doa jeupe.
Watu wenye nywele za mahindi wameomba mahali pa kulala.
Wameleta kioo. Kimepasuka.

Basi. Mtoto pekee aliyeonekana ikulu siku hiyo
alikuwa wa farasi.

Profesa wangu wa kwanza, wa hukuhuku Uholanzi,
aliisoma barua akaona milki inazaliwa:
Mzungu kafika, Mzungu kaandika, dunia ikaanza kuzunguka.
Wa pili, mzee Daeng Palallo, aliisoma shajara akacheka.
Hawa, alisema, walikuwa sisimizi kwenye mkeka wa mfalme;
tuliukung'uta, tukaendelea kula.
Nilimpenda huyo wa pili. Nilitaka awe sahihi.
Lakini mgeni wetu, siku ya tatu,
siku iliyochukua miaka mingi kufika,
hakushika jembe. Alishika ngome,
akapanga mawe yake juu ya mawe yetu,
na ukuta upo, nimepigwa picha pale na sare ya shule,
nikilamba aiskrimu ya nazi, nikicheka.

Alasiri, chini kabisa ya bunda, karatasi ya matumizi.
Misumari, mishumaa, jibini iliyooza, kamba,
halafu: kwa mkalimani, mwanamke, vitambaa viwili vya bluu.

Vitambaa vina rangi. Yeye hana jina.

Alisimama kati yao, upindo wa nguo umelowa.
Krijnsz akatamka neno, labda lenye makali,
akalipokea, akalivika, akalipeleka mbele.
Kwa huyu likatoka mkataba, kwa yule likafika malazi,
na kila mmoja akaenda zake akijua amesikia.
Aliwahurumia? Aliwacheza shere?
Au neno lenyewe hakulijua,
na mvua inapiga paa, na nyumbani kuna mgonjwa,
na vitambaa viwili ni vitambaa viwili?
Na kioo: kilipasukia baharini,
au palepale, mtu fulani alipojiona?

Sijui. Nalipwa ili nijue, na sijui.

Nimeandika jina pembeni mwa daftari: Basse.
Ni la shangazi yangu, muuza samaki,
aliyeweza kumtukana mteja hadi akanunua zaidi.
Limekaa vizuri mno pale pembeni.
Mwaka kesho mwanafunzi atalinukuu,
mwaka wa pili litapewa mtaa,
wa tatu nitakutana nalo kitabuni na nitaliamini.
Nimelifuta. Nimefuta mpaka karatasi ikaota manyoya.

Saa kumi na moja. Sjoerd, kijana wa hifadhi, anapita
akikusanya mabunda, na kiganja chake tayari
kinayaelekea makombo ya kifutio mezani.
Nimemwambia ngoja.
Limenitoka kwa Kimakassar, sikukusudia.
Ametabasamu, ameitika kwa kichwa
kama mtu aliyeelewa vizuri sana,
akayapangusa.